Mume wangu anataka kuwatoa watoto shule kwa sababu ya sauti anayoisikiliza barabarani

Shikamoo Mwalimu,

Mimi ni mama wa watoto wawili, mzaliwa wa Tanga, na huu ni mwaka wa tisa tangu tuhamie Houston, katika jimbo la Texas nchini Marekani. Mume wangu ni dereva wa malori ya masafa marefu. Mimi ni mhudumu katika nyumba ya kulelea wazee, na hufanya zamu ya usiku inayodumu saa kumi na mbili, mara nne kwa juma. Kijana wetu ana miaka 15 na amemaliza darasa la tisa. Binti yetu ana miaka 9.

Tangu mwaka jana mume wangu amekuwa msikilizaji mkubwa wa mchambuzi mmoja wa Kimarekani mwenye kipindi cha kila siku cha podikasti. Bwana huyo huzungumzia siasa na uchumi, lakini hoja anayoirudia zaidi ni kwamba shule ni kifungo, kwamba serikali haina haki ya kumlazimisha mtoto kukaa darasani, na kwamba mtoto akiachwa huru atajifunza mwenyewe kila anachokihitaji akiongozwa na udadisi wake. Mwanzoni niliyachukulia kuwa maongezi ya kufupisha safari. Mwezi uliopita alirudi nyumbani na barua aliyokwisha kuichapa, ya kuiarifu shule kwamba watoto wote wawili hawatarejea masomo yatakapoanza Agosti. Inangoja sahihi yangu tu, naye anasisitiza ipelekwe kabla ya shule kufunguliwa, la sivyo watoto watakuwa wamefungwa mwaka mwingine.

Nilipomuuliza ni nani atakayewafundisha, alijibu kwamba hakuna wa kuwafundisha, watajifunza. Nilipomkumbusha kwamba yeye huwa njiani majuma matatu kwa mwezi na mimi hulala mchana, alisema kijana ni mkubwa na anaweza kumwangalia mdogo wake. Aliongeza kwamba hata Mwalimu Nyerere alitaka elimu ya kujitegemea, na kwamba mimi nimesahau nilikotoka.

Kijana amefurahi mno. Hisabati imemshinda mwaka huu, na anachokipenda ni kutengeneza injini ndogo. Huzifungua mashine za kukatia nyasi za majirani na kuzirudisha zikinguruma, na kweli ana mkono mzuri. Binti yangu alilia aliposikia habari hizi, kwa sababu anaipenda shule yake.

Nakiri kwamba nina hasira. Baba yangu aliuza mbuzi wake wote ili nimalize kidato cha nne, na wadogo zangu wawili hawakuipata bahati hiyo. Kusikia shule ikiitwa jela chini ya paa langu kunaniuma mahali ambapo mume wangu hapajui. Lakini sitaki hasira hiyo iamue juu ya maisha ya watoto wangu. Naomba uniambie, Mwalimu: je, jambo hili ni halali? Mchambuzi huyu ni tapeli, au kuna ukweli katika maneno yake? Na nizungumze vipi na mume wangu bila kuonekana kwamba ninaupinga uhuru wa watoto?

Mama wa Wawili,
Houston

*

Marahaba, mwanangu.

Nianze na sheria, kwa sababu hapo mumeo amesimama mahali imara, na si vizuri uingie katika mazungumzo ukiwa na tishio ambalo halipo. Texas ni miongoni mwa majimbo yanayomwachia mzazi nafasi kubwa kuliko mengine. Mtoto analazimika kuhudhuria masomo tangu miaka 6 hadi atimize 19, lakini anayesoma shule ya binafsi amesamehewa sharti hilo la kwenda shule ya umma, na mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya jimbo hilo, katika kesi ya Leeper dhidi ya wilaya ya shule za Arlington, iliamua kwamba masomo ya nyumbani yanayoendeshwa kwa nia njema yahesabiwe kuwa shule ya binafsi. Masharti yake ni machache: uwepo mtaala unaoonekana, uwe katika vitabu au kwenye skrini, na ushughulikie kusoma, tahajia, sarufi, hisabati na uraia mwema. Hakuna kujisajili, hakuna mkaguzi, wala hakuna mtihani wa jimbo. Mngekuwa New York mngetakiwa kupeleka mpango wa masomo kila mwaka na taarifa ya maendeleo kila robo mwaka.

Hata hivyo yatazame vizuri maneno yale, mtaala na nia njema. Sheria inamtambua mtoto anayesomeshwa nyumbani. Haimtambui mtoto aliyebaki nyumbani. Mumeo anaposema hakuna wa kuwafundisha, anadai zaidi ya kile ambacho mahakama ilimpa.

Ama kuhusu mchambuzi huyo, simfahamu na sitamwita tapeli, kwa sababu fikra anazozitangaza zina ukoo wenye heshima. John Holt alikuwa mwalimu wa shule katika majimbo ya Colorado na Massachusetts, na mwaka 1964 alichapisha kitabu kuhusu jinsi watoto wanavyoshindwa darasani. Alichokiona ni watoto wanaotumia akili zao zote kubahatisha jibu analolitaka mwalimu, badala ya kulifikiria swali lenyewe. Kwa miaka mingi alitamani kuzirekebisha shule, akakata tamaa, na mwaka 1977 akaanzisha jarida la wazazi wanaolea watoto wao bila shule kabisa. Baada yake alikuja John Taylor Gatto, aliyefundisha katika jiji la New York kwa takriban miaka 30. Mwaka 1991 alitangazwa kuwa mwalimu bora wa jimbo zima la New York, na mwaka huohuo akatangaza katika gazeti la Wall Street Journal kwamba anaacha kazi, kwa sababu hakutaka tena kujipatia riziki kwa kuwaumiza watoto.

Mimi nami nilishika chaki kwa miaka 31, na ningekuwa mwongo nikidai sijawahi kukiona walichokiona. Nimewahi kusimama mbele ya watoto zaidi ya themanini waliobanana watano kwa dawati moja, wakinakili ubaoni sentensi wasizozielewa, na nikamchapa fimbo mtoto aliyeuliza maana yake kwa sababu kengele ilikuwa karibu kulia. Mtoto yule sijamsahau. Kwa hiyo mumeo akisema kwamba shule inaweza kumfunga mtoto, usimkatalie kwa pupa. Kijana anayeweza kuifungua kabureta, akaisafisha na kuirudisha mahali pake bila kuelekezwa na mtu, kisha akaambiwa kwa mwaka mzima kwamba hajui kitu, ana haki ya kuichukia shule, angalau kidogo.

Lakini kuna jambo ambalo halisikiki katika spika za lori, nalo ni watu wazima. Wapenzi wa mafunzo ya kujiongoza hupenda kutoa mfano wa shule ya Sudbury Valley, iliyofunguliwa mwaka 1968 huko Framingham, Massachusetts, ambako hakuna vipindi vya lazima wala mitihani, na mtoto huamua mwenyewe siku yake aitumie vipi. Hayo ni kweli. Ila pale pana watu wazima walioajiriwa kuwepo siku nzima, pana mkutano ambamo mtoto mdogo na mfanyakazi kila mmoja ana kura moja, pana kamati ya kusikiliza mashtaka ya anayevunja kanuni, na pana ada. Uhuru ule una paa, una majirani, na una watu wanaolipwa mshahara ili wawe karibu.

Huenda mumeo akakutajia pia utafiti wa Peter Gray, mwanasaikolojia wa Boston College ambaye mwanawe alisoma katika shule hiyohiyo. Yeye na mwenzake Gina Riley waliwahoji watu wazima 75 waliolelewa bila shule, na asilimia 83 kati yao walikuwa wameendelea na masomo ya juu ya namna fulani. Ni habari njema, nami sina sababu ya kuibeza, isipokuwa wahojiwa wale walijitokeza wenyewe, na aliyepotelea njiani si rahisi kuitika mwito wa namna hiyo. Mimi kilichonigusa zaidi ni watu watatu kati ya wale 75 walioyajutia malezi yao. Walisimulia kutengwa na wenzao, mama ambao afya yao ya akili ilikuwa imedhoofika, na baba wasiojihusisha. Simsemi mumeo kwa ubaya. Mtu anayeendesha lori ili watoto wapate kula hakosi kujihusisha. Lakini nyumba ambayo baba yuko safarini majuma matatu na mama analala mchana baada ya kuwageuza wazee vitandani usiku kucha iko karibu na simulizi hiyo kuliko anavyodhani.

Sasa nije kwenye neno uhuru, maana naona mumeo analitumia kama kwamba lina mwenyewe mmoja. Mwaka 1925, katika kesi iliyotoka Oregon, Mahakama ya Juu ya Marekani iliifuta sheria iliyotaka watoto wote wasome shule za umma, ikasema kwamba mtoto si kiumbe cha serikali tu. Mwaka 1972 mahakama hiyohiyo iliwaruhusu Waamishi wa Wisconsin, Wakristo wanaojitenga na maisha ya kisasa, kutowapeleka watoto wao shule baada ya darasa la nane. Wachambuzi wa uhuru wa mtu binafsi huzipenda hukumu hizi. Ukizisoma, hata hivyo, utaona kwamba aliyepewa uhuru ni mzazi, si mtoto. Ni Jaji William Douglas peke yake, katika kesi ile ya Waamishi, aliyesema kwamba watoto wenyewe nao walipaswa kusikilizwa, kwa kuwa maisha yanayoamuliwa ni yao.

Hapo ndipo hoja ya mumeo inapojikwaa, na inajikwaa kwa binti yako. Mtu anayeamini kwamba mtoto anaweza kujiongoza hawezi kumtoa shuleni kwa nguvu mtoto wa miaka 9 anayelia kwa kuipenda shule. Binti amekwisha kujiongoza, na alipojiongoza aliichagua shule. Ikiwa uamuzi wa mtoto una thamani pale tu unapokubaliana na baba, basi mlichobadilisha ni mwenye amri, na amri iko palepale. Tena anataka kumweka chini ya ulinzi wa kaka yake, jambo ambalo litampokonya kijana uhuru uleule anaoahidiwa. Kwa binti nakushauri usimame bila kuyumba: abaki shuleni, na jina lake lifutwe katika ile barua.

Kuhusu Nyerere, nina la kusema kwa sababu nililelewa na maneno yale. Waraka wa Elimu ya Kujitegemea wa Machi 1967 uliilaumu shule kwa ukali ambao ungemfurahisha hata huyo mchambuzi: kwamba inamtenga mtoto na wazazi wake, inamfundisha kudharau maarifa ambayo hayamo vitabuni, na inaufanya mtihani kuwa ndio elimu. Lakini anayejitegemea katika waraka ule si mtu mmoja mmoja aliyejiondoa kwa wenzake. Ni kijiji, ni shule yenye shamba linalolimwa na wanafunzi pamoja na walimu wao, ni taifa la kijamaa. Nyerere alitaka shule iwe sehemu ya jamii. Mchambuzi anamtaka mtoto awe huru, mbali na shule. Unaweza kuwapenda wote wawili, lakini huwezi kumtumia mmoja kuwa shahidi wa mwenzake. Mwambie hivyo kwa upole, na umwambie kwamba hukusahau ulikotoka.

Huko tulikotoka kujifunza nje ya shule hakukuwa jambo geni. Pale Ngamiani, mjini Tanga, nilipokulia palikuwa na fundi seremala ambaye kila mara alikuwa na wanagenzi wawili au watatu, vijana waliochagua wenyewe kazi ile. Mwanagenzi alifagia takataka za randa kwa miezi kabla ya kuikamata randa yenyewe, na siku aliyokata ubao kwa kipimo kibovu alisemwa hadi jioni. Hakuna aliyemlazimisha kwenda pale, lakini alipofika alimkuta mtu aliyejua kazi, aliyemwona anakosea, na aliyekuwepo kesho yake. Kijana wako ana hamu na ana mkono. Anachokosa ni fundi, na fundi huyo hatoki kwenye podikasti. Huko Houston gereji za watu wetu na za Wamarekani si haba. Mtafutie moja ambayo mwenyewe atakubali kijana awe anakuja mara mbili kwa juma, kwa masharti yanayofuata sheria za kazi za umri wake.

Baada ya hapo mpe mumeo pendekezo ambalo ni vigumu kulikataa, kwa kuwa limetoka ndani ya imani yake mwenyewe. Shule zimefungwa kwa likizo ya kiangazi. Hakuna kengele, hakuna mwalimu, serikali haimwiti kijana popote. Basi na aanze sasa. Kijana aandike kwa mkono wake, si kwa mkono wa baba yake, mambo anayotaka kuyajua ifikapo katikati ya Agosti, na aeleze atajuaje kwamba ameyajua. Katika orodha hiyo iwemo hisabati, kwa njia yoyote anayoitaka: kukokotoa uwiano wa oili na petroli katika injini ya mipigo miwili, au kuweka hesabu za faida na hasara za kazi anazowafanyia majirani. Baba naye achukue sehemu yake. Sheria ya shirikisho inamruhusu dereva wa lori kuendesha saa zisizozidi 11 katika zamu moja, na baada yake ni lazima apumzike saa 10. Katika saa hizo kumi apige simu nyumbani kila siku, asikilize kijana amefanya nini, na amuulize maswali. Wewe, ukirudi asubuhi, lala. Usimkague kijana wala usimwamshe. Ikifika saa nne asubuhi ama atakuwa amesimama kwenye meza yake ya vyuma, ama atakuwa bado kitandani na simu yake usoni, na baada ya majuma manane ya mojawapo kati ya hayo mtakuwa na jambo la kuzungumza linalowahusu ninyi.

Ikitokea kwamba kijana amekushangaza, usiogope kumruhusu. Nasema hivi nikijua kwamba hukutarajia kulisikia kwangu. Texas inavikataza vyuo vyake vya umma kumbagua mwombaji kwa sababu tu alisomea nyumbani, na vyuo vya jamii hupokea vijana wa namna hiyo hata kabla hawajamaliza masomo ya sekondari. Mtunze kumbukumbu hata kama sheria haiwaagizi: vitabu alivyosoma, kazi alizozifanya na tarehe zake, hesabu zake hata zile alizokosea. Maana akitaka kurudi shuleni baada ya mwaka, wilaya ndiyo itakayoamua aingie darasa lipi, huenda kwa kumpa mitihani, na anayerudi mikono mitupu anaweza kujikuta akikaa na wadogo zake. Jambo hili mwambieni kijana waziwazi kabla hajachagua.

Limebaki swali lako la mwisho, la namna ya kuzungumza na mumeo. Nadhani unakosea unapoyaona haya kuwa mashindano kati yako na yule mchambuzi. Fikiria mtu anayekaa peke yake kwa muda wa saa kumi na moja akitazama lami, aliyewahi kuambiwa shuleni kwamba hana akili, kama wengi tulivyoambiwa, na ambaye katika umri wa utu uzima amegundua kwamba anaweza kufuatilia hoja ndefu kuhusu historia, fedha na sheria. Huenda ndiye mwanafunzi anayejiongoza aliye bora zaidi nyumbani kwenu. Mwambie hivyo. Muulize amejifunza nini mwaka huu, na umsikilize mpaka amalize, kabla hujaigusa barua. Kisha msimulie habari za wale mbuzi. Unasema mumeo hapajui mahali hapo panapokuuma. Atapajuaje, mwanangu, kama hujampeleka? Msimulie walikuwa wangapi, waliuzwa soko gani, na wadogo zako walisema nini siku ile. Usiyafanye kuwa hoja ya kumshinda. Anayejua shule ilikugharimu nini ataweza kuchagua maneno yake mbele ya watoto, hata akibaki na imani yake.

Tena usikubali kusukumwa na Agosti. Huko Texas mzazi anaweza kumtoa mtoto katika shule ya umma ili amsomeshe nyumbani wakati wowote wa mwaka. Oktoba au Januari ni halali sawasawa na siku ya kwanza ya muhula. Barua si lazima aichane. Aichape upya ikiwa na jina la kijana peke yake, aitie katika bahasha, na mahali pa tarehe apaache wazi.